Mnara Ulio Mwisho wa Ramani

Mpwa wangu yuko kidato cha tatu, Kilosa, na anaandika riwaya. Likizo iliyopita alinionyesha ramani ya nchi aliyoibuni: falme tano, mito, na msitu unaozungumza. Katika nchi hiyo yupo tabibu anayeweza kuunga mkono uliokatwa kwa kuunong'oneza tu. Pembezoni kabisa, ng'ambo ya milima, alikuwa amechora mnara usio na dirisha na kuandika chini yake: Mnara wa Wendawazimu.

Nilimuuliza kwa nini tabibu wake hawatibu hao.

"Uganga wake ni wa mwili, mjomba."

"Na kwa nini wako mbali hivyo?"

Alinitazama kana kwamba nimeuliza kwa nini maji yanalowesha. "Sasa watakaa wapi?"

Kijana anayeweza kuufanya msitu uzungumze alishindwa kufikiria kijiji chenye nafasi ya mtu anayeugua akili. Simlaumu. Mnara ule aliuona kwetu. Reli ya Kati ikitoka Kilosa kwenda bara hufika Dodoma, na Dodoma ndiko iliko Hospitali ya Mirembe, iliyoanzishwa mwaka 1927, enzi za Waingereza. Imetibu watu wengi, nami sina ugomvi nayo. Ila vinywani mwetu jina lake limegeuka tusi. Tukisema "huyo wa Mirembe," hatumtakii mtu matibabu. Tunamtoa katika hesabu ya watu. Na kwa Kiganda, neno mirembe maana yake ni amani.

Hivyo nikaanza kujiuliza: mgonjwa anapopelekwa mbali, nani hasa anapata nafuu, yeye au sisi?

Ningejibu upesi kama nisingemfahamu mama mmoja wa Mikumi. Anaishi karibu na barabara kuu, ile inayokatiza Hifadhi ya Taifa, malori yakielekea Tunduma na Zambia usiku na mchana. Mwanawe ni mtu mzima. Ugonjwa ukimzidia huanza kutembea, na kila mara huelekea barabarani. Asipokutana na lori atakutana na tembo. Kwa hiyo mama akienda shambani humfunga kamba kiunoni, akaikaza kwenye nguzo ya baraza, na kumwachia maji na chakula.

Siku niliyoiona kamba hiyo nilikasirika. Nilikuwa nimetoka chuo mwaka uleule na kichwa changu kilijaa haki za binadamu. Nilimwamkia, nikakaa, kisha nikamwambia kwa adabu kwamba mtu hafungwi kama mbuzi. Hakubisha.

"Ni kweli, mwanangu. Basi kesho kaa naye mpaka saa sita, mimi nikapalilie."

Nikamwambia nina safari. Sikuwa na safari.

Bado naamini kumfunga mtu kamba ni kosa. Ila sasa najua kosa lile lina wenyewe wengi, na mimi nimo. Yule mama anatakiwa kuwa muuguzi, mlinzi na mkulima kwa wakati mmoja, na tunaomhukumu tunapita njia tukiwa na mikono mitupu. Siku moja mwanawe, akiwa na nafuu, aliniambia: "Kamba nimeizoea. Wanaoniumiza ni wale wanaokuja kutazama."

Katika hifadhi ile kuna bango linaloorodhesha wanyama, na mbele ya kila mnyama kiasi cha faini kwa atakayemgonga. Najua anayemgonga mtu naye hushtakiwa. Lakini nikilipita bango lile huwaza kwamba hata swala ana mtu aliyeajiriwa kumkumbuka kabla hajagongwa.

Je, nchi ambayo mgonjwa ana pa kukaa ni ya hadithini tu? Mwaka 1954, Abeokuta nchini Nigeria, daktari Thomas Adeoye Lambo alianzisha utaratibu wa Aro. Wagonjwa walipanga katika vijiji vilivyoizunguka hospitali, kila mmoja na ndugu yake. Walikwenda kutibiwa, wakarudi kwa wenyeji wao, na waliojiweza walifanya kazi za shamba. Mgonjwa alikuwa na mlango wa kugonga na watu wa kusalimiana nao asubuhi.

Karibu zaidi na sisi, miaka ya 1980, mkoa huuhuu wa Morogoro pamoja na Kilimanjaro ndiyo iliyotangulia kujaribu mpango wa taifa wa afya ya akili, kwa msaada wa Shirika la Afya Duniani na Denmark. Nia ilikuwa tiba ya akili itolewe katika zahanati na vituo vya afya vya kawaida, palepale mtu anapopeleka malaria yake. Yaani kabla mpwa wangu hajazaliwa, watu wa mkoa wake walikwisha kuambiwa kwamba mnara si lazima.

Lakini zahanati humpa mgonjwa dawa na tarehe ya kurudi. Haiwezi kumpa jirani. Baina ya tarehe moja na nyingine kuna asubuhi nyingi za kupalilia, na asubuhi hizo hazimo katika mpango wowote wa serikali. Ni zetu.

Nilimsimulia mpwa wangu habari za Aro. Alilalamika kwamba haina uchawi, ila jioni nilimkuta ameshika ufutio. Mnara ulikuwa umefutika, na karibu na soko la mji mkuu palikuwa na nyumba ndogo yenye baraza.

"Mjomba," aliniita, kalamu ikiwa hewani. "Mama mwenye nyumba akienda shambani, nani atakaa na mgonjwa?"

Hilo swali nimewahi kuulizwa, na nililijibu kwa uongo. Mwezi ujao nina safari ya Mikumi, ya kweli safari hii, na msimu wa palizi haujaisha.