Mkono Usiojua Kuficha

Mwaka 1934 Richard Byrd, admeri wa Marekani, alibaki peke yake katika kibanda kilichofukiwa na theluji huko Antaktika, zaidi ya kilomita 150 kutoka kambi ya wenzake ya Little America, apime hali ya hewa majira yote ya baridi. Aprili jua lilizama, lisichomoze tena hadi Agosti. Baridi ilipita nyuzi 50 chini ya sifuri.

Wengi hudhani kilichomtenga na watu ni umbali. Sidhani. Redio alikuwa nayo. Sauti za wenzake zilimfikia, naye akawajibu kwa kugonga alama za Morse. Upweke wenyewe ulimwingia mwishoni mwa Mei, gesi ya sumu kutoka kwenye jiko na jenereta ilipomwangusha. Tangu hapo alitambaa, chakula hakikukaa tumboni, akawa analizima jiko na kuganda ili asivute ile sumu. Na bado akawaambia kambini kuwa yu mzima, kwa kuhofia wangemfuata gizani wakafia njiani. Ulikuwa upendo, sina shaka. Lakini anayeficha maumivu kwa upendo amejifungia mlango kwa ndani.

Mkono ndio uliomtoa siri. Waliouzoea ugongaji wake walisikia herufi zikikosewa, zikichelewa, zikikatika. Wakataka kwenda, na safari ikaitwa ya kuangalia vimondo: nao wakamficha hofu yao, kama alivyowaficha ugonjwa wake. Mara mbili trekta lilirudi njiani. Mara ya tatu, Agosti 10, watu watatu walimfikia, amekonda vibaya, akawakaribisha supu.

Sisi tuliolelewa kuitikia “salama” hata homa ikipanda tunalielewa jambo hili. Anayekujali husikiliza jinsi ulivyoitikia. Ndiyo maana naogopa zaidi ujumbe wa “niko poa” anaoandika ndugu yetu kutoka Minneapolis mwezi wa Januari, saa kumi na moja jioni, giza likiingia: herufi za simu haziyumbi, mgonjwa na mzima huandika sawasawa.

Je, walikuwa na haki ya kutoliamini jibu la Byrd? Naona walikuwa nayo, kwa kuwa hawakuja kumuumbua. Walikaa naye miezi miwili katika kibanda kile kile cha mtu mmoja, wakimpikia, hadi alipopata nguvu za kupanda ndege.