Uchotara na Daftari la Serikali

Chotara ni mtu ambaye baba yake na mama yake wamehesabiwa kuwa wa asili mbili. Uzito wote wa maana hiyo uko kwenye neno "wamehesabiwa". Kila mwanadamu ana wazazi wawili, nyuma yao wazee wanne, kisha wanane, na ni nadra wote wanane kutoka mji mmoja. Hata hivyo si kila mtu anaitwa chotara. Mtoto wa Mdigo na Mpemba haitwi hivyo Mombasa, wala mtoto wa Mjerumani na Mfaransa haitwi hivyo Ulaya. Jina hilo humwangukia yule tu aliyezaliwa juu ya mstari ambao jamii ilikwisha kuuchora kabla yake. Ndiyo maana suala la uchotara, likifuatwa hadi mwisho, hugeuka kuwa suala la mistari yenyewe: nani aliichora, kwa kipimo gani, na alitaka kugawa nini.

Kiswahili kina maneno kadhaa ya kumwita mtu huyo, na kila moja limekuja na historia yake. Suriama limetokana na suria, mjakazi aliyewekwa na bwana wake kama mke bila ya kuolewa. Hafukasti liliingia na Waingereza. Shombe husikika zaidi Tanzania, na vijana wa Nairobi husema pointi faivu, yaani nusu, kana kwamba mtu aweza kugawanywa kwa desimali. Yote ni maneno ya kumtazama mtu kutoka nje.

Kipimo kilichokita mizizi mapema katika pwani ya Afrika Mashariki ni baba. Sayyid Barghash, aliyetawala Zanzibar kuanzia 1870 hadi 1888, mama yake alikuwa suria wa Kihabeshi. Dada yake kwa baba, Salme, aliyezaliwa 1844, mama yake alikuwa suria aliyetoka mbali zaidi, kwenye milima ya Kaukazi. Wote wawili walikuwa watoto wa Sayyid Said bin Sultan, na kwa hukumu ya fiqhi, yaani sheria ya Kiislamu, hilo lilitosha. Mtoto ambaye bwana amemkubali kutoka kwa suria wake huzaliwa huru, hufuata nasaba ya baba, na hurithi sawa na ndugu zake waliozaliwa ndani ya ndoa. Mama naye hauziki tena, na bwana akifa huwa huru. Basi majumba ya Mtoni na Beit al-Sahil yalijaa watoto wa kila rangi, na wote walikuwa Waarabu wa Busaidi bila ya mtu kuona ajabu.

Utaratibu huo umewahi kusifiwa kwamba haukuwa na ubaguzi wa rangi. Sifa hiyo ina ukweli, lakini inasahau mengi. Mtoto alipata jina kwa sababu jina la mama lilifutwa. Mwanamke aliyenunuliwa aliingia ndani ya nasaba ya watu kama udongo unaoshika mbegu, na nchi yake, ukoo wake na wazee wake havikuandikwa popote. Isitoshe, mlango ulifunguka upande mmoja. Mwanamume wa Kiarabu aliweza kuzaa na mwanamke wa asili yoyote na watoto wakawa Waarabu. Binti yake alipoposwa na mtu wa nasaba iliyoonekana ya chini, walii aliweza kupinga kwa hoja ya kufu, yaani kulingana kwa hadhi ya wachumba. Wanazuoni wenyewe hawakukubaliana juu ya kufu ya nasaba. Mafundisho yanayosema kwamba Mungu aliwaumba watu mataifa na makabila ili wajuane, na kwamba ubora uko katika ucha Mungu, hayakai kwa raha karibu na sharti la kumpima mchumba kwa babu zake. Mvutano huo haujaisha hata leo.

Sayansi imetoa ushahidi juu ya jambo hili kutoka ndani ya makaburi. Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa DNA ya watu 80 waliozikwa kati ya takriban 1250 na 1800, wengi wao katika miji ya pwani kama vile Manda, Faza, Mtwapa, Kilwa na Songo Mnara. Ilionekana kwamba mchanganyiko ulianza karibu na mwaka 1000. Upande wa Asia uliletwa hasa na wanaume, wengi wa asili ya Uajemi, na upande wa Afrika, ambao kwa wengi ulizidi nusu, ulitoka hasa kwa wanawake. Masimulizi ya Washirazi, yanayowataja mababu waliovuka bahari, hayakuwa hadithi tupu basi. Ila yalihifadhi nusu ya habari, kwa kuwa nasaba huwakumbuka akina baba. Akina mama walikumbukwa kwa njia nyingine: watoto wao walizungumza Kiswahili, lugha ya Kibantu, wala si Kiajemi.

Kipimo cha pili kinakwenda kinyume kabisa na hicho cha baba. Katika majimbo ya kusini mwa Marekani, baada ya utumwa, sheria na desturi zilishika kwamba tone moja la damu ya Kiafrika linatosha kumfanya mtu kuwa mweusi. Mwaka 1892, Louisiana, Homer Plessy alikamatwa kwa kukaa kwenye behewa la wazungu, ilhali kati ya wazee wake wanane wa kizazi cha tatu nyuma yake mmoja tu ndiye aliyekuwa mweusi. Mahakama Kuu ya Marekani ilikataa rufaa yake mwaka 1896. Saba hawakuweza kumshinda mmoja. Barghash, kwa kipimo hicho, asingekaa kwenye behewa hilo, sembuse kiti cha enzi. Mwili ni ule ule na wazazi ni wale wale. Kilichobadilika ni kanuni ya kuhesabu. Zanzibar kanuni ilimwingiza mtoto wa mjakazi katika nyumba ya bwana, na Amerika, enzi za utumwa, ilimwacha mtumwa, hata bwana akiwa ndiye baba yake, kwa kuwa shamba lilihitaji mikono na mtoto aliyefuata hali ya mama yake alikuwa mali.

Waingereza walipoitawala pwani walileta kipimo chao, nacho kilipita ofisini. Mtu alipaswa kuwa mwenyeji au asiye mwenyeji, na kila upande ulikuwa na kodi yake, mahakama yake na shule yake. Mombasa, watu wa Thenashara Taifa, miji kumi na miwili ya Waswahili wa kale, walijikuta wamewekwa upande wa wenyeji huku Waarabu waliooleana nao wakiwa upande wa pili. Watu waliosali safu moja msikitini na kuzikana makaburi yale yale walilipa kodi tofauti. Malalamiko yao yaliendelea kwa miongo kadhaa. Ni rahisi kuyasoma leo kama aibu ya watu waliokana Uafrika wao, na wapo waliofanya hivyo kweli. Lakini serikali ilipofanya jina kuwa bei, ilikuwa lazima watu waanze kulipigania jina.

Zanzibar inaonyesha jambo hilo waziwazi zaidi kwa sababu sensa zake zimehifadhiwa. Mwaka 1924 watu zaidi ya 30,000 waliandikwa Waswahili. Mwaka 1931 walibaki takriban 2,000. Hakuna tauni iliyopita wala meli zilizowahamisha. Wengi waliojiita Waswahili mwaka 1924 walikuwa wametoka utumwani, uliofutwa kisheria mwaka 1897, au walikuwa watoto wao, na neno hilo liliwatambulisha kama watu wa hapa. Lilipoanza kumaanisha aliyekuwa mtumwa, waliliacha, wakaandikwa Wahadimu, Watumbatu au Washirazi. Kisha ikaja Vita vya Pili vya Dunia na mgao wa chakula uliofuata rangi: mchele ulitengwa kwa Waarabu na Wahindi, na Mwafrika akaelekezwa kwenye mahindi. Mama wa nyumbani wa mtaa wa Ng'ambo, aliyezoea kupika wali, aliambiwa na kipande cha karatasi kwamba wali si chakula cha watu wake. Ndipo watu walipoelewa kwamba safu ya sensa inafika hadi kwenye chungu. Chama cha Washirazi kilikuwa kimekwisha kuanzishwa Pemba mwaka 1939, na mwaka 1957 kiliungana na African Association kuunda Afro-Shirazi. Jina la chama lenyewe lilikuwa na kistari katikati, na ubishi juu ya kistari hicho haukutulia hadi Mapinduzi ya Januari 1964, wala baada yake.

Afrika Kusini ilijaribu kuandika kipimo kamili kuliko vyote. Sheria ya usajili wa watu ya mwaka 1950 ilimtaka kila raia awe mzungu, mweusi au kaladi, kwa Kiingereza coloured. Waandishi wa sheria walipofika mahali pa kueleza mzungu ni nani walikwama. Waliandika kwamba ni mtu ambaye kwa sura yake ni dhahiri ni mzungu, au ambaye kwa kawaida anakubalika kuwa mzungu, kisha wakamwondoa aliye na sura ya kizungu lakini anakubalika kuwa kaladi. Sheria ilisema, kwa maneno mengine, kwamba mzungu ni yule anayechukuliwa kuwa mzungu. Maofisa waliokabiliwa na watu walio katikati walitazama kucha na pua, na penseli ilichomekwa nywelini: ikianguka mtu huenda upande mmoja, ikikwama huenda upande mwingine.

Sandra Laing alizaliwa mwaka 1955 kwa wazazi wawili walioandikwa wazungu, naye akatoka na rangi ya maji ya kunde na nywele za kipilipili. Mwaka 1966, akiwa na miaka kumi, polisi walimwondoa katika shule ya bweni ya wazungu, na serikali ikamwandika kaladi. Baba yake alipigania jina hilo libadilishwe. Mwaka uliofuata sheria ilirekebishwa, mtoto wa wazazi wazungu awe mzungu, naye akarudishwa kuwa mzungu kwenye karatasi. Shule za wazungu jirani hazikumtaka hata hivyo. Alipokuwa msichana alitoroka na mwanamume mweusi, akazaa naye, na sasa yeye mwenyewe akaomba aandikwe kaladi, maana sheria haikumruhusu mama mzungu kuishi na watoto weusi. Safari zote hizo alizipita bila ya unywele wake mmoja kubadilika.

Wabelgiji, Kongo na Ruanda-Urundi, waliona katika chotara hatari nyingine. Dola iliyojengwa juu ya mstari kati ya mtawala na mtawaliwa haikujua la kufanya na mtoto wa wote wawili, ikaamua kumwondoa machoni. Watoto wa baba wazungu na mama Waafrika walichukuliwa kwa mama zao na kupelekwa misheni, mathalani Katende huko Kasai na Save huko Rwanda; wengine walisafirishwa hadi Ubelgiji uhuru ulipokaribia. Mwaka 2019 Waziri Mkuu Charles Michel aliomba radhi bungeni. Tarehe 2 Desemba 2024 Mahakama ya Rufaa ya Brussels iliamua, katika shauri la wanawake watano waliochukuliwa kabla ya kufika miaka saba, kwamba utekaji huo ulikuwa jinai dhidi ya ubinadamu. Utawala huo huo ndio ulioandika Hutu, Tutsi au Twa kwenye vitambulisho vya Wanyarwanda katika miaka ya 1930. Kitambulisho kilikuwa na nafasi ya jina moja, na mtoto wa ndoa ya mseto alipewa la baba. Mwaka 1994, wakati wa mauaji ya kimbari, kwenye vizuizi vya barabarani, neno hilo moja liliamua nani apite na nani auawe.

Hapa ndipo swali la kifalsafa linapokaza. Mwanabiolojia Richard Lewontin alionyesha mwaka 1972 kwamba takriban asilimia 85 ya tofauti za urithi za wanadamu ziko ndani ya kila kundi, kati ya jirani na jirani. Sehemu ndogo tu ndiyo inayotenganisha yale yanayoitwa mataifa ya rangi. Wako wanaohitimisha kutokana na hilo kwamba rangi ni kitu kisichokuwapo. Hitimisho hilo limeruka hatua. Noti ya shilingi elfu kumi nayo, kwa asili yake, ni karatasi. Thamani yake imo katika kukubaliana kwa watu, lakini anayeikosa hulala njaa ya kweli. Rangi ni ya namna hiyo, kitu kilichotengenezwa chenye uwezo wa kumtoa mtoto shuleni. Kwa sababu hiyo hiyo mtu mmoja hawezi kujitoa kwa kutamka tu kwamba hayumo. Sandra Laing alikuwa na karatasi inayomwita mzungu, na majirani walikataa kuipokea kama noti bandia.

Wala si kweli kwamba kila kundi lililobuniwa ni pingu. Wamakonde wa Kwale, waliokaa Kenya kwa vizazi bila ya uraia, walitembea kwa miguu kuelekea Nairobi mwaka 2016 kudai waandikwe, na mwaka uliofuata wakatambuliwa kuwa kabila la 43. Julai 2017 Wakenya wa asili ya Kihindi walitangazwa kuwa la 44. Kwa Mmakonde, jina hilo kwenye daftari lilikuwa kitambulisho, na kitambulisho kilikuwa kazi, shule na akaunti ya benki. Namba 43 haikumwongezea damu yoyote, lakini ilimtoa katika hali ya kutokuwapo.

Tanzania ilichukua njia nyingine. Sensa ya 1967 ndiyo ya mwisho iliyouliza kabila, na tangu hapo karani hufika mlangoni na maswali ya umri, elimu na mifugo. Swali lenyewe halikufa. Limehamia kwenye basi, msibani, na kwa wazee wanaopokea posa. Huko halina kisanduku cha kujazwa, na msichana aliyezaliwa Dodoma anapoulizwa kabila lake nani, hujibu bila ya kusita: baba Mpare, mama Mnyakyusa.