Kutamka Bila Kuelewa

Wanaobuni ulimwengu wa kichawi mara nyingi huyapa maandishi nguvu kwanza, kisha ndipo hufikiria maandishi hayo yatasomwaje. Swali hilo la pili ndilo zito. Mwandiko unaweza kuchora maana, kila alama ikasimamia kitu au wazo. Au unaweza kuchora sauti, ukamwachia msomaji atamke kwanza na maana aitafute baadaye, akitaka. Kwetu sisi, ambao maneno yetu hayapasui mlima, tofauti hiyo ni ya wataalamu wa isimu na walimu wa darasa la kwanza. Lakini mahali ambapo neno likitamkwa linatenda, tofauti hiyo inakuwa ya maadili, kwa sababu mwandiko wa sauti humwezesha mtu kutenda jambo kubwa kwa kinywa chake mwenyewe bila kujua ametenda nini.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni Tengwar, herufi alizozibuni J.R.R. Tolkien, profesa wa Oxford aliyechapisha The Lord of the Rings mwaka 1954 na 1955. Ndani ya hadithi zake mtungaji wa herufi hizo ni Fëanor, fundi mkuu wa Waelvi. Herufi za msingi ni 24, zimepangwa katika safu nne zenye madaraja sita, na umbo la kila moja linaeleza jinsi sauti yake inavyotoka kinywani. Herufi ya t ina shina na upinde. Ukiongezwa upinde wa pili, t inageuka d. Shina likinyooshwa juu badala ya kushuka, unapata th ya “thamani”, na kwa pinde mbili, dh ya “dhahabu”. Vokali mara nyingi huwa alama ndogo juu ya konsonanti, jambo ambalo msomaji wa Kiswahili cha hati za Kiarabu hatalishangaa. Mfalme Sejong wa Korea alikuwa na wazo la aina hiyo alipotangaza herufi zake mwaka 1446, na alisema wazi kwamba alitaka watu wa kawaida waweze kusoma. Wepesi huo ni neema kwa raia, ila kwa uganga ni mlango usio na kitasa. Herufi inayofuata sauti haichagui lugha. Tengwar ziliandika nyimbo za Waelvi, na ndizo zilizoandikwa kwenye Pete ya Sauron, bwana mwovu wa nchi ya Mordor, kwa lugha ya nchi hiyo.

Tazama Tolkien anavyoitumia Pete hiyo. Nyumbani kwa Frodo, aliyeirithi Pete, mchawi Gandalf anaitupa motoni, maandishi yanajitokeza, naye anayafasiri kwa lugha ya wote. Maneno yenyewe anakataa kuyatamka. Hakuna kinachotokea. Baadaye, katika baraza la Rivendell, anayatamka yalivyo, na giza linapita juu ya ukumbi, Waelvi wanaziba masikio. Atakayedai kwamba nguvu ilikuwa katika Pete, si katika maneno, akumbuke kwamba Pete ilikuwapo mara zote mbili, na maana ilisemwa tangu mara ya kwanza. Kilichoongezeka Rivendell ni sauti. Nakubali kwamba pengine maneno hayo yasingefanya lolote Pete ikiwa mbali. Hata hivyo, maana peke yake haikutikisa hata kikombe, na sauti ndiyo hasa kitu ambacho herufi za Fëanor huhifadhi bila kupunguza.

Mwanafalsafa atapinga hapa kwamba neno halitendi bila masharti. J.L. Austin, katika mihadhara iliyochapishwa mwaka 1962, alionyesha kwamba kuahidi, kuoa au kuipa meli jina ni matendo ya kusema, na kwamba mwigizaji anayetamka maneno ya ndoa jukwaani hajaoa mtu. Ni kweli, lakini anazungumzia nguvu inayotokana na mapatano ya watu, na mapatano huuliza ni nani anasema, kwa idhini gani. Uchawi wa sauti hauulizi. Ndiyo maana unatisha.

Pingamizi gumu zaidi linatoka kwa Ursula K. Le Guin. Katika A Wizard of Earthsea ya mwaka 1968, kijana Ged anajifunza alama mia sita, si herufi chache, na bado anasoma katika kitabu cha mwalimu wake maneno ya kuita wafu hadi kivuli kinatokea chumbani. Je, ugumu wa mwandiko umemlinda? Haukumlinda. Lakini tofauti inabaki palepale: Ged alichokoa alama moja baada ya nyingine akisukumwa na kiburi baada ya kuchokozwa na msichana. Yeye ana hatia. Mtu anayesoma Tengwar kwa lugha asiyoijua anaweza kuleta balaa lilelile na asiwe na hatia yoyote, na sidhani kuna mahakama, hata ya Waelvi, inayojua la kumfanya.

Kuna pia watu wasiohesabika, Lamu hadi Jakarta, wanaosoma Kurani kwa sauti sahihi bila kujua Kiarabu, na hakuna anayewaona hatarini. Kinyume chake, wanahesabiwa thawabu. Mfano huu unanilazimisha kurekebisha hoja: kinachokosekana kwa msomaji wa maneno ya Mordor si ufahamu tu. Msomaji wa Kurani anakuja na nia, na nia hiyo inajaza nafasi ambayo elimu ya lugha haijafika. Herufi za sauti hazina alama ya nia. Mlango wa Moria, katika hadithi ileile ya Tolkien, ulijengwa hivyohivyo: maandishi yake, yanayoonekana kwa mwanga wa mwezi na nyota, yanalo ndani yake neno lenyewe la kufungulia, na yeyote awezaye kulitamka anaingia, awe rafiki au adui. Waliouchonga waliishi wakati ambapo Waelvi na Vibeti walipatana, wakaona hiyo inatosha.

Basi ikiwa msomaji anaweza kuwa hana hatia, lawama inarudi nyuma kwa mwandishi, na kwa mnakili pia. Isildur, aliyeichukua Pete kutoka kwa Sauron, alinakili maandishi yake akikiri kwamba lugha hiyo haijui na kwamba hajui inasema uovu gani. Alitaka tu yasipotee. Kwa kipimo changu alifanya kosa kubwa kuliko ambaye angekuja kuyasoma. Na bado ni karatasi hiyohiyo, iliyolala katika hazina ya mji wa Minas Tirith, iliyomwezesha Gandalf kuitambua Pete alipoiona motoni.