Rafiki wa Chini ya Kitanda

Vijana wenzangu, mwaka jana nikiwa kwenye uchungaji parokiani nilifundisha watoto wa Komunyo ya Kwanza. Mmoja, wa miaka minane, kila Jumamosi aliacha nafasi kwenye benchi. "Hapo amekaa rafiki yangu," alisema. Mama yake hukaanga samaki sokoni, anarudi saa nne usiku. Mtoto hufungiwa ndani peke yake. Rafiki huyo hukaa chini ya kitanda na kumwambia, "Leo mama harudi."

Mwili ulinisisimka. Wengine walisema ni pepo, aombewe. Mimi na falsafa yangu nikamjibu kirahisi: "Huyo rafiki hayupo. Rafiki wa kweli ni Yesu." Akanitazama, akauliza: "Kwani Yesu we unamwona?"

Sikuwa na jibu. Nilirudi chumbani na swali lake.

Hebu tufikiri pamoja. Aristotle alifundisha kwamba rafiki ni nafsi yako ya pili. Sawa, lakini ya pili ni nyingine: inajua usichojua, inaweza kukukatalia. Yule wa chini ya kitanda alijua tu alichojua mtoto. Hata vitisho vyake vilikuwa hofu ya mtoto mwenyewe iliyopata sauti. Kumbe kutoonekana si hoja. Hoja ni kama kweli kuna mwingine, au ni mimi najisemesha.

Hapo ndipo swali liliponichoma. Yesu wa Injili alimkemea hata Petro mbele ya wenzake. Yesu wangu mimi je? Anawachukia ninaowachukia, anakubali kila nilichokwisha kuamua. Jamani, huyo naye si wa chini ya kitanda?

Tena Kristo hamwachi mtu ajifungie. Humtuma kwa jirani. Tangu mwanzo Mungu aliona si vizuri mtu akae peke yake, na Adamu hakupewa mahubiri, alipewa mwenzi. Basi nikaacha kuhubiri. Nilizungumza na mama, kisha na jirani wa jumuiya yao ndogo ndogo, akakubali mtoto ale na kusoma kwake mpaka mama arudi.

Jumamosi iliyofuata aliacha nafasi tena. Nikamwuliza kama naweza kukaa. Akafikiri kidogo, akasogea.

Wiki hii jiulize: Yesu alikukatalia jambo lini mara ya mwisho? Na mtaani kwenu, nani amefungiwa peke yake?