Dhahabu, Mganga na Marehemu Kanumba

Mwigizaji Steven Kanumba alizaliwa Shinyanga mwaka 1984, akasoma Shule ya Msingi Bugoyi. Alipofariki Aprili 2012 alikuwa na miaka 28 tu, lakini alikuwa amepita katika michezo ya kundi la Kaole, ameigiza na Wanaijeria katika Dar 2 Lagos ya mtayarishaji Mtitu Game, na amefungua kampuni yake mwenyewe ya filamu. Huku kwetu tulimwita kijana wetu, na kazi zake nilizionyesha mimi.

Mimi ni mwinjilisti. Kwa miaka mingi nilikuwa pia na kibanda cha video Katoro, mkoani Geita: mabenchi, turubai, jenereta. Wachimbaji walikuja jioni, vumbi la karasha za kusaga mawe bado liko kwenye nyusi. Watu walewale niliwahubiria Jumapili. Kwa hiyo swali hili limenikaa kifuani: mtengeneza filamu atajibu nini mbele za Mungu kwa yale ambayo mtazamaji ameyasadiki?

Hadithi iliyojaza mabenchi naijua. Maskini anakwenda kwa mganga, anapewa masharti, anatajirika, anakiuka masharti, na mwishoni mchungaji anakemea mpaka nguvu za giza zinaanguka. Wazee wa kanisa waliuridhia mwisho huo, maana Mungu ameshinda. Mimi siuridhii. Kabla mchungaji hajatokea, filamu imekwisha kuthibitisha kwa saa nzima kwamba dawa huleta mali. Mchimbaji anaondoka akiwaza kwamba yule alikosea masharti, yeye hatakosea.

Na masharti ya waganga kwetu yameua. Mauaji ya watu wenye ualbino yalipopamba moto kuanzia 2007, viungo vyao vilitafutwa kwa imani kwamba vinavuta utajiri. Mwishoni mwa 2008 mtoto wa miaka 14 aliuawa Bukombe, wakati huo ikiwa bado mkoa wa Shinyanga. Septemba 2009 Mahakama Kuu ikiwa Kahama iliwahukumu kifo watu watatu kwa mauaji hayo. Shule ya Buhangija, mjini Shinyanga, ikajaa watoto walioletwa wafichwe. Bibi yangu mwenyewe, macho yake yamekuwa mekundu kwa moshi wa samadi wa maisha mazima jikoni, alikuwa hatoki nje jua likishazama, kwa sababu vikongwe wenye macho kama yake walikuwa wakikatwa mapanga. Sisemi filamu ilishika panga. Nasema ilikaa upande wa mwenye panga ikimwambia hesabu yake ni sahihi.

Lakini mchimbaji naye ana swali la haki. Mshipa wa dhahabu ni mwembamba, unapinda, unakatika ndani ya mwamba. Duara moja, yaani shimo la kuchimbia, linaukuta, la jirani hatua chache pembeni linaukosa, na wote wamechimba, wote wameomba. Kwa nini yeye? Mwaka 2015 wachimbaji watano walitolewa hai Nyangalata, Kahama, baada ya siku 41 chini ya ardhi. Nilisikia watu wakiulizana walikuwa na dawa gani. Bwana Yesu aliletewa habari ya namna hiyo, akataja wale kumi na wanane walioangukiwa na mnara wa Siloamu, akakataa kabisa kwamba walikuwa wakosaji kuliko wengine. Hakutoa sababu nyingine badala yake. Mganga anayo sababu, na wahubiri wanaouza mafuta ya upako wanayo. Injili ninayoihubiri inamwacha mtu bila sababu, na Mungu yuko naye. Ni ngumu kuipokea ukiwa na njaa, nami sijapata njia ya kuirahisisha.

Mwaka 2011 Kanumba alitoa filamu ya Devil Kingdom, akiwa na Ramsey Nouah wa Nijeria. Muda si mrefu uvumi ukaenea kwamba yeye mwenyewe ni Freemason, na alipofariki, mkesha wa Pasaka, uvumi ukazidi. Kijana wa Shinyanga amefanikiwa, basi lazima ameuza kitu. Hesabu ileile ya mganga ilikuwa imemgeukia.

Jambo hilo liliniuma, na Jumapili ile ya Pasaka nilisema madhabahuni: huyu alifanya kazi. Alikariri maneno, alikesha mbele ya kamera, alitafuta fedha, akawalipa watu, akaanza filamu nyingine. Mzee mmoja akanijibu palepale, "Mwinjilisti, hilo mbona hatujawahi kuliona kwenye filamu?"

Watayarishaji waliopo sasa, nawaomba mtuonyeshe hilo.