Je, Kuna Akili za Namna Mbili?

Mwaka 1910 mwalimu mmoja wa Ufaransa, Lucien Lévy-Bruhl, aliandika kwamba watu walioitwa washenzi hawafikiri kwa kanuni za akili ya Mzungu. Eti kwao kitu chaweza kuwa hiki na kisiwe hiki papo hapo. Yeye mwenyewe aliliacha neno hilo katika daftari zake kabla ya kufa mwaka 1939. Wengi waliolipokea hawajaliacha.

Tuwatazame Wazande, waishio kaskazini ya Kongo na Sudani ya Kusini. Mwingereza Evans-Pritchard, aliyekaa kwao, alieleza jambo hili katika kitabu chake cha 1937. Ghala la nafaka laanguka na kuumiza watu waliokaa kivulini chini yake. Wazande wajua vema kwamba mchwa wamekula nguzo. Lakini wauliza: mbona limeanguka saa ile ile, juu ya watu wale wale? Nao hujibu: ni uchawi. (Nasi makatekista twalisikia swali hilo katika vilio vingi.)

Hapo akili imepotoka wapi? Ukikubali kwamba msiba hauji bure bali hutumwa, yafuata kwamba yupo aliyeutuma, na kwamba yafaa atafutwe. Hatua zote zimenyoka. Kosa limekaa mlangoni, katika neno la kwanza ambalo hakuna aliyelipima. Kwa hiyo kumwita mfiwa mjinga hakumwokoi bibi kizee anayenyoshewa kidole. Afadhali kuketi na mfiwa huyo, kukiri kwamba afikiri sawa kama sisi, kisha kumwuliza: Ndugu, nani alikuhakikishia kwamba kila msiba una mtu aliyeutuma?