Mikono Isiyo na Damu

Robert Knox, mwalimu wa anatomia mjini Edinburgh, hakuua mtu. Mwaka 1828 Burke na Hare waliua watu 16 wakamletea maiti. Yeye alilipa, asiulize zilikotoka. Burke alinyongwa mwaka 1829. Knox hakushtakiwa.

Je, ni mambo ya Ulaya tu? Mwaka 1884 watu wa Storms, Mbelgiji wa Mpala, walimwua sultani Lusinga. Fuvu lake likapelekwa Ubelgiji, na mwaka 1886 daktari Houzé akalipima.

Mgonjwa wa Basoko hupona kwa elimu iliyotoka kwa maiti, ni kweli. Lakini anayelipa na kujizuia kuuliza amekwisha kujua jibu. Mwaka 1832 Uingereza ikaweka sheria: waalimu wapewe maiti za maskini wasio na ndugu wa kuwachukua. Hao nao hawakuulizwa.